Aliyemhesabia Foreman

Kwa kinyozi wangu Magomeni kuna picha imebandikwa juu ya kioo kwa gundi ya karatasi, na kona yake moja imeanza kukunjamana kwa mvuke wa taulo za moto. Hata wewe umewahi kuiona mahali. George Foreman yuko chini, Muhammad Ali amesimama pembeni akimtazama, na karibu yao kuna mzee mwenye upara, amevaa tai ya kipepeo, yuko kazini. Kinshasa, 30 Oktoba 1974. Mara mbili kwa mwezi nakaa chini ya picha hiyo, shuka limekazwa shingoni, na sina pa kutazama ila hapo. Siku moja nikamwuliza kijana anayeninyoa: huyu wa tatu ni nani?

Akazima mashine, akainua macho kana kwamba ndiyo kwanza anamwona mtu huyo.

"Huyo refa tu, mzee."

Nimepuliza filimbi ya mpira wa kikapu kwa miaka 22, mashindano ya mitaa, ya shule, ya mikoa, kwenye saruji na kwenye mbao, kwa posho ya nauli na soda. Hilo "tu" lake lilinikata kuliko wembe. Nilikwenda nyumbani kulitafuta jina la yule mzee kwa hasira zaidi kuliko kwa udadisi, nikitaka tu kurudi na jibu. Nilichokikuta kikaninyima usingizi: mzee yule alikuwa mtu wa kikapu. Tena si wa kikapu cha kunyoosha viungo jioni. Alikuwa bingwa wa dunia mara mbili, miaka 35 na miaka 31 kabla ya usiku ule wa Kinshasa. Jina lake Zachary Clayton. Walimwita Zack.

Mimi ni mtoto wa Kigoma. Mwaka 1974 nilikuwa na miaka tisa. Ng'ambo ya ziwa ni Kongo, wakati huo ikiitwa Zaire, na siku hewa ikiwa safi milima yake inaonekana kama mtu aliyelala chali. Pambano lilipigwa saa kumi alfajiri kwa saa za Kinshasa, ili Marekani waliangalie kabla ya kwenda kulala. Kwetu ilikuwa saa kumi na mbili, wakati wa kupuliza moto wa uji. Mjomba wangu aliyefanya kazi stesheni ya reli ndiye aliyekuwa na redio. Habari ilipomfikia alitoka uani na bakuli mkononi, akarusha ngumi ya kulia kutuonyesha ilivyokuwa, uji wote ukaenda mchangani. Mkewe hakumsemesha hadi magharibi. Wiki nzima sisi watoto tulikuwa Ali na Foreman kwa zamu kule ufukweni. Hakuna aliyetaka kuwa refa. Mimi nilikuwa mnyonge wa kutosha kupewa kazi hiyo mara mbili tatu, na labda ugonjwa ulinianzia hapo.

Clayton alikulia Philadelphia. Miaka ya 1930, kijana mweusi wa mji ule mwenye miguu myepesi hakukosa timu, alikosa ligi. Ligi za kulipwa za mpira wa kikapu zilikuwepo, zikizaliwa na kufa kama vibanda vya Sabasaba, lakini wachezaji wake walikuwa weupe, kwa makubaliano ambayo hayakuhitaji hata kuandikwa. Kwa hiyo weusi waliocheza kwa fedha walicheza kwa kuzunguka, kama bendi zetu za dansi zilivyokuwa zikizunguka mikoani. Timu inaingia mjini, inacheza na wenyeji, inachukua mgawo wake wa mlangoni, inaondoka. Kesho mji mwingine. Ndiyo maana nikisoma maneno "mchezaji wa kulipwa" katika habari za miaka ile, najizuia kufikiria magari na saa za dhahabu. Fikiria zaidi mpiga gitaa anayelala kwenye kiti cha basi, ala yake mapajani.

Kubwa kuliko timu zote hizo iliitwa New York Renaissance, mashabiki wakaifupisha kuwa Rens. Mwenye nayo, Robert Douglas, alizaliwa katika kisiwa cha Saint Kitts huko Karibi. Mwaka 1923 alikuwa na wachezaji bila uwanja, na pale Harlem, kwenye kona ya Barabara ya Saba na Mtaa wa 138, kulikuwa na ukumbi mpya wa dansi uitwao Renaissance. Douglas akamwendea mwenye jengo na biashara yake: nipe sakafu, nikupe jina. Timu ikavaa jina la jengo, ikawa tangazo linalokimbia. Usiku wa mechi vikapu vilisimamishwa pande mbili za ukumbi, watu walivaa kama waendao harusini, na mpira ukiisha bendi ilishika zamu. Sakafu ile ilisuguliwa kwa ajili ya wacheza dansi, si kwa ajili ya watu wanaogeuka ghafla wakiwa mbioni. Ukikimbia ovyo unafika kwa makalio. Waliojifunza kucheza pale walijifunza kwanza mahali pa kuweka mguu.

Nitoke nje ya mstari kidogo. Lugha yetu imeuhifadhi mchezo huu vizuri kuliko wenyewe tunavyojua: tunasema kikapu, na James Naismith alipoubuni mwaka 1891 huko Springfield, Massachusetts, alitundika vikapu kweli, vya kubebea matunda ya pichi. Lakini kuna jambo jingine ambalo lugha yetu imelisahau. Kikapu cha kulipwa cha mwanzoni kilichezwa ndani ya tundu. Uwanja ulizungushiwa wavu wa waya, na baadaye wa kamba, ili mpira usitoke na watazamaji wasiingie. Wachezaji walibanana kwenye wavu, wakarushwa na kamba, wakarudi mchezoni wamechanika ngozi. Kufikia zama za Clayton wavu ulikuwa umeshaondolewa, ila wazee aliocheza nao na dhidi yao walikuwa wametokea mle. Kwa hiyo mtu akiniuliza inakuwaje mcheza kikapu akaishia kwenye ulingo wa ngumi, sioni ajabu yoyote. Michezo hii miwili ilianza katika nyumba zenye kuta za aina moja.

Rens walikuwa na namna yao ya kucheza ambayo ningelipa kiingilio kuiona. Kudunda kulikuwa kidogo, pasi zilikuwa nyingi, mpira ukienda mikono mitano kabla mpinzani hajageuza shingo. Hakukuwa na saa ya kuwalazimisha kurusha. Hiyo ilikuja NBA mwaka 1954. Ukiwa unaongoza kwa pointi kumi na unajua kupasiana, mechi imekwisha hata kama imebaki robo nzima. Msimu wa 1932 hadi 1933, kabla Clayton hajajiunga nao, walishinda mechi 88 mfululizo ndani ya siku 86. Usiisome haraka hesabu hiyo. Siku 86, mechi 88. Maana yake zipo siku walizocheza mara mbili, na katikati kulikuwa na barabara.

Barabara ndiyo iliyokuwa mechi yenyewe. Walikuwa na basi lao walilolipa jina la bata bukini wa buluu, na usiku mwingine lilikuwa basi, jiko na chumba cha kulala kwa pamoja. Hoteli nyingi za miji waliyoijazia viwanja hazikuwapokea. Migahawa ilikuwa hivyohivyo: chakula, kama kilipatikana, kilipitia mlango wa nyuma na kililiwa kikiwa baridi. Wangeweza kumaliza mechi usiku, wakaendesha kilomita 300 kuutafuta mji ambao watu weusi waliweza kukodi kitanda, wakalala, wakarudi njia ileile kesho yake. Aliyewasimamia safarini, Eric Illidge, alikuwa na kidude cha mkononi cha kuhesabia watu, akisimama mlangoni kuhakiki kila kichwa kinachoingia, maana mwenye uwanja wa ugenini angeweza kukuambia waliingia 400 ilhali umeona 900. Alikuwa na bastola pia. Na kanuni yake ilikuwa fupi: fedha kwanza, jezi baadaye. Wachezaji hawakutoka chumbani hadi Illidge awe amelipwa. Mimi niliyewahi kuambiwa mara nyingi "posho yenu waamuzi tutaituma", nampigia saluti mtu huyo popote alipo.

Mapato? John Isaacs, mzaliwa wa Panama aliyekulia Harlem na kujiunga na Rens mwaka 1936 akitokea shule, alianzia dola 150 kwa mwezi na dola 3 za chakula kwa siku. Katika Marekani ya miaka ile ya njaa ya uchumi hizo zilikuwa fedha za heshima, na watu wengi weusi wenye elimu hawakuzipata. Ila mkataba wa mwili una mwisho, na hakuna aliyeulizia pensheni.

Clayton aliingia katika kikosi hicho. Majina ya wenzake yanatosha kuwa sura: Charles Cooper, jitu la katikati lililoitwa Tarzan, naye ametokea shule za Philadelphia, Willie Smith, aliyeitwa Willie Mdogo kwa sababu hakuwa mdogo, William Gates, ambaye alikuwa kijana lakini wakamwita Baba, Clarence Bell, na huyo Isaacs. Msimu wa 1938 hadi 1939 walishinda mechi 112, wakapoteza 7. Machi 1939 gazeti moja la Chicago, Herald-American, likaandaa kitu ambacho ligi zilikuwa zimekikwepa: mashindano ya timu za kulipwa yenye jina la ubingwa wa dunia, weupe kwa weusi, anayeweza aje. Timu 12 zikaja. Jina la dunia lilikuwa la kujikweza, dunia yenyewe ikiwa ni Marekani peke yake, lakini ndani ya dunia hiyo hakuna aliyebaki nje kwa rangi, na hiyo ilikuwa mara ya kwanza.

Rens wakapita. Nusu fainali waliwakuta Harlem Globetrotters, timu nyingine ya weusi, ambao licha ya jina hawakuwa wa Harlem bali wa Chicago hapohapo, na ambao wakati huo walikuwa wakicheza mpira wa kweli kabla ya vichekesho kuwatawala. Rens 27, Globetrotters 23. Baadhi ya watu wametaka kuamini kwamba timu hizo mbili ziliwekwa upande mmoja wa ratiba makusudi zisikutane fainali. Mimi nimepanga ratiba za mashindano. Najua makusudi yanavyofanana na bahati mbaya. Fainali, 28 Machi, walikutana na Oshkosh All-Stars, vigogo wa ligi ya weupe kutoka Wisconsin, wenye mfungaji hatari Leroy Edwards. Rens 34, Oshkosh 25. Zawadi ya timu dola 1,000.

Douglas akawashonea vijana wake jaketi za kumbukumbu. Mgongoni ziliandikwa kwamba hawa ni mabingwa wa dunia wa watu weusi. Isaacs akaitazama ya kwake, akaazima wembe, akakata uzi wa lile neno moja hadi likatoka. Douglas alilalamika kwamba ameharibu jaketi. Isaacs kwa upande wake aliona ameitengeneza. Kisa hiki amekisimulia mwenyewe uzeeni. Kila nikikisoma namfikiria Clayton chumbani mle, jaketi yake mkononi. Kwa wembe mmoja uliozunguka au bila wembe, walikuwa wamemfunga kila aliyesimama mbele yao, na hakukuwa na mabingwa wengine walioachwa kando ambao neno lile lingewatofautisha nao.

Kisha vita. Mafuta ya petroli yakawa kwa mgawo na basi la buluu halikuweza tena kula barabara kama zamani. Pale Washington mtangazaji wa redio Hal Jackson akaunda timu iitwayo Washington Bears, na watu wengi wa Rens wakahamia, Clayton, Gates, Isaacs na Tarzan Cooper wakiwemo. Mwaka 1943 Bears walicheza msimu mzima bila kupoteza, 41 kwa 0, wakaenda Chicago kwenye mashindano yaleyale, na fainali wakawakuta tena Oshkosh. 43 kwa 31. Watu wa kikapu husifu zaidi 1939, kwa sababu ya kwanza huwa na utamu wake. Mimi naipenda hii ya pili. Kushinda mara moja kunaweza kuwa usiku mzuri. Kurudi baada ya miaka minne na jezi tofauti, ukamkuta mtu yuleyule mlangoni, ukamfunga tena, hapo hamna tena cha kubishana.

Kila kiangazi mtu huyuhuyu alikuwa akicheza besiboli katika ligi za weusi, akilinda kituo cha kwanza katika timu kadhaa, zikiwemo Chicago American Giants na New York Black Yankees. Akapita pia kwa Globetrotters. Na nyumbani Philadelphia alikuwa na ajira ya zimamoto. Usidhani hayo ni mapambo ya wasifu. Kikapu kilikuwa kazi ya majira ya baridi, besiboli kazi ya joto, na moto hauna msimu. Nawajua watu wa namna hiyo; Kigoma mtu ni mvuvi mbalamwezi isipotoka na fundi baiskeli ikitoka.

Mlango wa ligi kubwa ulipofunguka, ulifunguka kwa namna ya kuudhi. Mwaka 1946 iliundwa ligi mpya, BAA. Mwaka 1947 Douglas akaomba Rens waingizwe. Wakakataliwa, ingawa Joe Lapchick, kocha mweupe wa Knicks, timu ya ligi hiyo, ambaye alishacheza dhidi yao miaka mingi na kuwasalimu kama ndugu, alisimama kuwatetea. Desemba 1948 ligi ya upande wa pili, NBL, iliporomokewa na timu moja katikati ya msimu, ikawaita Rens kuziba pengo, wakaenda kucheza kwa jina la Dayton, Ohio, Gates akiwa mchezaji na kocha. Waliirithi nafasi ya timu iliyokwisha kushindwa mechi 17 kati ya 19. Mwaka 1949 ligi hizo mbili zikaungana kuwa NBA. Zikaingia timu 17, na Rens hawamo. Mwaka uliofuata NBA ikawachukua wachezaji wake wa kwanza weusi, Chuck Cooper, Earl Lloyd na Nat Clifton, ambaye alikuwa amepitia Rens. Kufikia hapo Clayton alikuwa mtu mwenye miaka mingi ya barabara magotini. Kijana wa Dar es Salaam, Hasheem Thabeet, alipochaguliwa wa pili katika uteuzi wa NBA mwaka 2009, alipita kwenye mlango ambao watu hawa waliugonga hadi mikono ikachoka.

Wengi wakaishia kwenye kusimulia. Clayton akavaa tai ya kipepeo.

Alikuwa ameanza uamuzi wa ngumi Philadelphia, mji ambao mabondia wake ni wengi kuliko mabasi. Tarehe 5 Juni 1952, katika uwanja mkubwa wa mji huo, akawa refa wa kwanza mweusi kusimamia pambano la ubingwa wa dunia uzito wa juu: Jersey Joe Walcott akiutetea mkanda dhidi ya Ezzard Charles. Raundi 15 zote, Walcott akashinda kwa pointi. Mabondia weusi walikuwa wakigombea mkanda huo tangu Jack Johnson alipoutwaa mwaka 1908. Ilichukua miaka 44 zaidi kwa mtu mweusi kuruhusiwa kuwatenganisha. Kumwamini mtu apigane ni jambo moja. Kumwamini aamue nani amekosea linachelewa, na hilo nalisema kwa kulijua.

Hebu twende sasa Kinshasa. Uwanja wa 20 Mei umejaa watu 60,000 hivi, joto halijashuka japo ni alfajiri, na mvua ya msimu inanukia. Pambano lilitakiwa liwe Septemba, Foreman akachanika juu ya jicho mazoezini, likasogezwa. Rais Mobutu amelipia sherehe, promota Don King amekusanya dola milioni 5 kwa kila bondia. Watu wanaimba kwa Kilingala wakimtaka Ali amuue mwenzake. Ndani ya hayo yote anasimama mtu wa umri wa miaka sitini hivi, ambaye kazi yake ni kusikia kengele.

Nimeiangalia filamu ya pambano hilo mara nyingi, na mara kumi za mwisho nimemwangalia yeye tu. Jaribu. Mwanzoni anatoa maelekezo, Ali anaendelea kumnong'oneza Foreman maneno ya kumchoma, na Clayton anamwamuru anyamaze. Anafoka kama mwalimu wa zamu. Raundi ya pili Ali anakwenda kwenye kamba na kujiegemeza, kamba zenyewe zimelegea, Foreman anambamiza mbavu, na refa mwoga angeingia kati. Clayton anakaa pembeni, hatua mbili, anachungulia mikono ya Ali kama bado inafanya kazi. Ali anapomshika Foreman kisogo na kumvuta chini, anaingia, anautoa mkono, anaonya, anatoka. Halafu miguu. Raundi nane hagongani nao, hajikwai, hazibi njia ya ngumi, na hata pale wanapogeuka ghafla yeye ameshageuka. Mzee huyo hakujifunzia ulingoni kutembea namna ile. Ukizikumbuka pasi za Rens, mwenye mpira ni mmoja na wanne wanahama kabla hajauachia, unajua ametoka wapi.

Raundi ya nane, sekunde chache za mwisho, Ali anatoka kwenye kamba na ngumi zinazofuatana, ya mwisho ya kulia, na Foreman anazunguka kwenda chini. Clayton anahesabu. Foreman anainuka kwenye ukingo wa hesabu, na Clayton anapunga mkono: imekwisha. Muda rasmi ni dakika 2 na sekunde 58 za raundi. Zilibaki sekunde mbili kengele ilie.

Ugomvi ukaanzia hapo. Foreman alilalamika kwa muda mrefu kwamba hesabu ilikuwa ya haraka. Baadaye maishani alilainika akakubali kwamba alipigwa. Sheria inasema mtunza saa aliyeko nje huanza kuhesabu mtu anapogusa chini, na refa anaidaka hesabu hiyo njiani. Kwa hiyo moja ya refa si lazima iwe moja.

Niseme langu kuhusu kuhesabu. Kwenye kikapu kuna sheria ya sekunde tatu: mshambuliaji asikae ndani ya eneo la chini ya kikapu zaidi ya hapo. Ilikuja miaka ya 1930, Clayton aliicheza. Hakuna saa inayoonyesha sekunde hizo. Refa anazihesabu kichwani huku akitazama mambo mengine manne. Katika fainali moja ya mkoa, timu sitazitaja, tofauti ikiwa pointi moja, nilimpigia filimbi kijana mrefu kwa sekunde tatu mpira ukiwa tayari umemtoka mkononi na kuingia. Nikafuta kikapu. Wakapoteza. Alipokuja kunipa mkono, maana alikuwa amelelewa vizuri, alisema kwa upole, "Shikamoo mzee, ila sekunde zako fupi." Nilikwenda nyumbani kwa njia ya reli nisikutane na watu. Hadi leo sijui kama zilikuwa fupi. Najua tu kwamba nilihesabu hadi tatu, na kwamba ukumbi mzima ulikuwa ukipiga kelele, na kwamba kelele huukimbiza ulimi wa ndani.

Tena hao walikuwa 300, na kule Kinshasa walikuwa 60,000.

Mvua ilimwagika Kinshasa muda si mrefu baada ya pambano, uwanja ukafurika. Ali akawa Ali kwa mara ya pili. Clayton akarudi Philadelphia. Alifariki mwaka 1997; Ali akamfuata 2016, Foreman 2025. Jengo la Renaissance pale Harlem, likiwa gofu kwa miaka mingi, lilibomolewa mwaka 2015, mwaka uleule Isaacs, ambaye naye alikuwa ameshakufa, alipoingizwa katika Ukumbi wa Heshima wa mpira wa kikapu huko Springfield. Clayton aliingizwa mwaka 2017, miaka 20 baada ya kuzikwa. Kwa kikapu, si kwa Kinshasa.

Nikayabeba yote hayo hadi Magomeni. Kijana akanisikiliza huku akinipaka povu, akaniuliza la maana kuliko yote:

"Sasa mzee, alihesabu haraka au hakuhesabu haraka?"

Nikatoa simu. Akaniacha nusu kidevu, akaja nyuma ya bega langu, na wateja wawili, mmoja wao mzee aliyekuwa akisoma gazeti, wakainuka kwenye benchi. Foreman akaanguka, na wote watatu wakaanza kuhesabu kwa sauti. Mmoja alifika tisa, kijana wangu alifika nane, na yule mzee wa gazeti alikuwa ameshamaliza kumi kabla Clayton hajapunga mkono. Wakaanza kugombana.

"Wewe umechelewa kuanza."

"Wewe umeanza hajafika chini!"

"Irudishe nyuma, mzee," kijana akasema, wembe mkononi. "Mara hii usihesabu wewe, tutahesabu sisi."